Tulivyokuwa Watu wa Kihonda

Babu yangu aliingia Morogoro akiwa manamba. Mawakala wa mkonge walimpakia kwenye treni huko Kigoma, akashushwa Morogoro na kupelekwa shambani Tungi. Kazi yake ilihesabiwa kwa kipande, kadi yenye nafasi ya siku 30. Kila siku aliyokata mkonge iliwekewa alama, na hakulipwa mpaka kadi ijae. Kambini waliishi kwa makabila. Waha walikuwa na upande wao, Wangoni wao, Wabena wao, na mnyapara wa kila upande alikuwa mtu wa huko huko. Babu alimaliza zaidi ya nusu ya umri wake Morogoro, na bado watu wa mjini walimwita Muha wa mkonge. Alikufa hivyo.

Baba alizaliwa kambini humo humo, lakini yeye hakuna aliyemwita hivyo. Ukimuuliza hata leo, na sasa ana miaka inayokaribia 80, atakwambia yeye ni fundi mitambo, karakana, zamu A. Halafu, ukizidi kumchimba, ndipo atataja Kigoma.

Kati ya babu na baba kulipita Azimio la Arusha, tangazo la siasa ya Ujamaa. Wengi wanaoandika juu ya Azimio huandika kuhusu mabenki na mashirika yaliyotaifishwa Februari 1967, na ni sawa. Mimi nililelewa katika kitu kingine kilichotokana nalo, nacho ni namna mtu wa kawaida alivyoanza kujitambulisha mbele ya wenzake. Nataka kusimulia hicho, kwa kuwa nadhani kizazi chetu kinaondoka bila kukieleza vizuri. Tunaishia kuwaambia vijana habari za foleni za sabuni tu, au nyimbo tu.

Baba alianza kazi Dar es Salaam, kwenye kiwanda kimoja eneo la Chang'ombe. Mwaka 1971, mwaka niliozaliwa mimi, TANU, chama tawala cha wakati huo, ikatoa waraka ulioitwa Mwongozo. Kifungu cha 15 kilimkataza kiongozi majivuno, ufahari, dharau na uonevu. Maneno hayo yalichapwa kwenye kijitabu kidogo, na wafanyakazi walikibeba mfukoni. Baba husimulia siku mwenzao mmoja, mpiga chapa wa maboksi ambaye hakuwahi kuzungumza mkutanoni, aliposimama mbele ya meneja aliyekuwa na tabia ya kuwatukana watu kwa kuwatajia mama zao. Akakisoma kifungu chote, polepole, kidole kikifuata mistari, kwa sababu kusoma alijifunza juzi juzi tu kwenye madarasa ya watu wazima. Alipomaliza akaketi. Hakuongeza neno. Meneja alihamishwa miezi michache baadaye.

Hayo yalikuwa yakitokea kwingi. Mwaka 1973 wafanyakazi wa kiwanda cha mpira cha Mount Carmel, Dar es Salaam, walimfungia nje mwenye kiwanda na kuendelea kuzalisha wenyewe. Baadaye serikali ilizibana harakati za namna hiyo. Ilitaka nidhamu na tija kwanza. Lakini mtu aliyemwona mpiga chapa akimsomea meneja hasahau. Baba alirudi Morogoro akiwa na imani moja isiyotikisika, kwamba kiwanda ni mali yake. Alimaanisha mali yake hasa, kama mkulima anavyosema shamba langu.

Morogoro ya miaka ya sabini ilikuwa inajengwa upya. Tumbaku ilikuwepo, reli ilikuwepo, na sasa viwanda vikaongezwa, cha ngozi, cha viatu, cha turubai, cha vyombo vya udongo, cha nguo. Mpango uliitwa Viwanda Mama, na Kihonda, iliyokuwa pori na mashamba ya watu, ikawa eneo la mabati mapya na mabomba ya moshi. Tulihamia kota nikiwa karibu kuanza shule. Nyumba zilikuwa vyumba viwili, jiko la nje, bomba moja kwa nyumba kadhaa. Ukuta wetu ulishikana na wa familia ya Wanyakyusa. Mbele yetu Wapogoro. Kushoto mama mmoja wa Kimakonde ambaye mumewe alikuwa mwendesha boila, mtambo wa mvuke wa kiwanda. Na Waluguru, wenye ardhi yao, tulikuwa nao tele. Nyumba zilitolewa kwa kufuata idara na orodha ya waombaji, hakuna aliyeulizwa kabila. Naamini hilo moja, kugawa funguo bila kuuliza kabila, lilitubadilisha kuliko hotuba zote nilizozisikia redioni.

Kiha baba alikiongea na babu tu, Jumapili, tulipokwenda kumsalimia. Nyumbani kilikuwa Kiswahili. Kaka yangu mkubwa alioa jirani wa Kipogoro, na hakuna mzee aliyeitisha kikao kuuliza ilikuwaje. Msibani, waliochimba kaburi walikuwa zamu iliyotoka kazini asubuhi ile. Saa zetu zilikuwa king'ora. Hata mpira ulikwenda hivyo hivyo, Reli na Tumbaku zilipokutana uwanja wa Jamhuri, mji uligawanyika kwa waajiri.

Juu ya hayo kulikuwa na chama. Balozi wa nyumba kumi alijua nani kalala na mgeni. Kiwandani kulikuwa na tawi, na katibu wa tawi alikuwa na ofisi yenye ukubwa sawa na ya meneja. Jioni wafanyakazi walifanya gwaride la mgambo kwenye uwanja nyuma ya stoo, na hiyo haikuwa sherehe tu. Amin alipoivamia Kagera Oktoba 1978, wanamgambo wa Kihonda walipanda malori. Mume wa yule mama wa Kimakonde alikwenda, akarudi akiwa haongei sana. Boila aliipata tena, maana aliwekewa nafasi yake.

Shuleni tulikuwa na somo la siasa. Tulijifunza bepari, kabaila, kupe na mirija. Siku moja mwalimu alichora ubaoni mtu mnene mwenye tumbo, mrija umetoka mdomoni mwake ukaingia mgongoni mwa mkulima, akatuambia tunakili. Darasani mwetu alikuwemo msichana wa Kihindi, baba yake ana duka la vitambaa mjini. Jengo la ghorofa la familia yao lilichukuliwa mwaka 1971, sheria ilipotaifisha majumba yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000, wakabaki wapangaji ndani ya nyumba waliyoijenga. Darasa zima liligeuka kumtazama. Yeye hakuinua uso. Alichora. Alichora vizuri kuliko sisi wote, akamtia kivuli yule mnene kwa ubapa wa penseli, mpaka vifungo vya shati. Mwalimu akamwandikia "vizuri sana" na kulionyesha daftari lake darasani. Mwaka uliofuata familia ilihama nchi.

Huwa naliweka tukio hilo kando ya lile la funguo za kota, kwa sababu yote mawili yalitoka kwenye chungu kimoja. Itikadi ile ile iliyomtoa baba yangu kwenye kabila, ikamfanya mwenzangu kuwa picha ubaoni. Anayesimulia moja bila jingine hajasimulia Ujamaa nilioujua.

Na tulikuwa na Mazimbu. Watu wa mikoa mingine wanasahau kwamba Afrika Kusini ilikuwa jirani yetu kabisa. ANC, chama chao cha ukombozi, walifanya mkutano wao mkubwa Morogoro mwaka 1969. Kisha vijana wa Soweto walipokimbia baada ya ghasia za Juni 1976, serikali yetu ikawapa shamba la zamani la mkonge pale Mazimbu, wakajenga shule, wakaipa jina la Solomon Mahlangu, kijana aliyenyongwa na makaburu Aprili 1979. Ilikua ikawa mji mdogo. Walikuwa na shamba, na kiwanda cha samani, na hospitali iliyotutibu na sisi. Walipoimba wimbo wao tuliujua, ni tuni ile ile ya wimbo wetu wa taifa, basi nasi tuliimba kwa maneno yetu huku wao wakiimba kwa yao. Kiwandani wafanyakazi walichanga kutoka mishahara midogo kwa ajili yao. Wapo waliolalamika, na haki walikuwa nayo, kwamba malori yanaingia Mazimbu yamejaa nasi tunapanga foleni ya sukari. Hata hivyo nilikua nikijua kwa uhakika kuwa mji wetu una kazi duniani. Mtoto wa fundi mitambo wa Kihonda alijua Pretoria iko wapi na kwa nini.

Aprili 12, 1984, Waziri Mkuu Edward Sokoine alifariki kwa ajali ya gari huko Dakawa, kwenye barabara yetu ya Dodoma, na gari lililogongana na lake liliendeshwa na mkimbizi wa Afrika Kusini. Wiki ile niliona watu wazima wakilia njiani. Niliona pia hofu nyingine, ya kwamba mtu atawageukia wale wa Mazimbu. Balozi wetu, mwanamke asiye na elimu kubwa, alipita mlango kwa mlango. Alisema maneno machache tu: "Msiba huu ni wetu na wao. Asinyanyuke mtu." Hakunyanyuka mtu mtaani kwetu.

Sasa nifike penye ugumu, na hapa nitakaa.

Kuanzia mwishoni mwa miaka ya sabini kiwanda cha baba kilianza kuishiwa pumzi. Sababu zinajulikana. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika 1977, vita ilikula fedha, mafuta yakapanda bei, mazao yetu yakashuka, na fedha za kigeni za kuagizia spea hazikuwepo. Tuliambiwa tufunge mkanda miezi 18. Ikapita, mkanda haukulegea. Viwanda vingi nchini vilifanya kazi chini ya nusu ya uwezo. Kile cha viatu, jirani yetu, kilichojengwa kwa mkopo wa Benki ya Dunia, kilikusudiwa kutoa jozi milioni 4 kwa mwaka, nyingi ziuzwe Ulaya. Kuta zake zilikuwa za aluminiamu, bila mpango wa kupitisha hewa, katika joto la Morogoro. Hakikufikia hata sehemu ya kumi ya kilichotarajiwa, na mwaka 1990 kikafungwa.

Kwa baba ugonjwa wa kiwanda ulikuwa na sura ya vyuma. Beringi zililika, bushi zilipanuka, mikanda ilikatika, na stoo ilijibu "hakuna". Akaanza kuleta nyumbani vipande vilivyokufa ili avipime kwa utulivu. Alivipanga juu ya mkeka, akavifuta kwa kitambaa chenye mafuta ya taa, akavipima kipenyo kwa kalipa aliyoachiwa na mtaalamu wa kigeni aliyefunga mashine. Aliandika vipimo kwenye daftari la shule, langu lililobaki kurasa. Kesho yake alikereza bushi mpya kutoka shaba chakavu, na mashine moja ikapata kuishi wiki kadhaa zaidi. Hakulipwa ziada. Hakuna aliyemwagiza.

Ikaja mwaka 1983, msako wa wahujumu uchumi. Watu walitupa bidhaa usiku kwa woga; asubuhi ulikuta sabuni na vitenge mtaroni. Mama akayatazama yale madude ya chuma uvunguni mwa kitanda, akamwambia baba, "Baba Asha, hivi ni vya serikali na viko nyumbani kwako. Wakija utasema nini?" Baba hakulala. Alfajiri aliandika orodha ya vyote: kipande gani, cha mashine ipi, kimekufa lini, kinahitaji nini. Akavibeba kwa kikapu cha ukindu, mchana kweupe, akapitia getini, akamlazimisha askari aandike kwenye kitabu cha lango, kisha akaipeleka orodha kwa katibu wa tawi.

Katibu aliisoma yote. Hakuwa mtu mbaya, baba amelirudia hilo mara nyingi. Akamwambia, "Ndugu, vyuma vimepokelewa, na uaminifu wako umeonekana. Lakini karatasi hii inasema karibu nusu ya mashine zimesimama, na taarifa yetu ya mkoani inasema uzalishaji unaendelea. Nikiiweka kwenye faili, wataniuliza nani mhujumu." Akaikunja, akamrudishia.

Hapo ndipo ninapopaona pamevunjika, na nimefikiri sana kabla ya kusema hivi. Kiwandani palikuwa na mtu aliyeamini kwa moyo wote kuwa mali ni yake, akaitunza kwa mikono yake bila malipo. Itikadi ilimzaa mtu huyo, na ni kazi kubwa iliyofanya. Lakini haikumwachia mlango wa kuingiza ukweli. Mkutano wa tawi ulikuwepo kila mwezi; umoja wa wafanyakazi ulikuwepo, NUTA kisha JUWATA, nao ulikuwa tawi la chama kile kile. Meneja, katibu na mwakilishi wa wafanyakazi wote walitoa taarifa kuelekea juu, kwa watu wale wale, na huko juu habari mbaya ilikuwa na jina moja, hujuma. Mwaka 1971 mpiga chapa aliweza kusimama na kijitabu. Mwaka 1983 kijitabu kilikuwa bado kinauzwa, na hakuna aliyesimama.

Watu husema Ujamaa ulishindwa kwa sababu binadamu ni mchoyo, hafanyi kazi kwa kitu kisicho chake. Nalipinga hilo kwa mfano wa nyumba niliyolala.

Wakati huo aliyetulisha alikuwa mama. Mshahara wa baba ulifika siku chache tu za mwanzo wa mwezi. Mama alikaanga vitumbua kabla ya zamu ya asubuhi, akauza getini. Baadaye akafuga kuku, akalima mchicha bondeni, akakodi robo eka Mkundi. Kwenye bendera ya chama kulikuwa na jembe na nyundo, na kwetu nyundo ilikuwa ya baba, jembe la mama, ila kadi, cheo, sauti mkutanoni vyote vilikwenda kwa mwenye nyundo. Akina mama wa kota walianza upatu wao, wakasaidiana kupeleka watoto sekondari, mimi nikiwemo, ndiyo maana nikawa mwalimu. Hawakuitwa wafanyakazi na mtu yeyote. Shughuli zao ziliitwa "miradi", na mwanzoni zilionekana kama jambo la kufichwa, mpaka ikafika mahali hata katibu wa tawi alikuwa na mabanda ya kuku. Kuanzia hapo mwanamume wa Kihonda alijitambulisha kwa kiwanda, na akala kwa mkewe. Baadhi yao hilo liliwavunja. Baba yangu aliliheshimu. Aliamka naye kuwasha mkaa.

Mwisho wenyewe nitaupitia haraka, maana ulitokea nchi nzima. Makubaliano na IMF 1986, Azimio la Zanzibar lililolegeza lile la Arusha 1991, vyama vingi 1992, na PSRC, tume ya kubinafsisha, ikaanza kuuza mashirika ya umma. Mwaka 1992 Waafrika Kusini wakaondoka Mazimbu kurudi kwao, na wapo wanawake wa Morogoro waliobaki na watoto. Kiwanda cha baba kilifungwa, wafanyakazi wakapunguzwa kwa orodha iliyobandikwa getini, na kiinua mgongo kilichelewa mpaka baadhi yao wakafa wakikisubiri. Baba alifungua karakana ndogo barabarani, anakereza bushi za mashine za kusaga. Wateja wake wa kwanza wote walikuwa watu wa zamu A.

Nilidhani utambulisho ule ungekufa na king'ora. Haukufa wote. Kadi na gwaride viliyeyuka kama kwamba havikuwahi kuwepo. Ila chama cha kuzikana cha kota kipo hadi leo, kina daftari na mweka hazina, na majina ndani yake yameandikwa kwa idara za kiwanda ambacho hakipo. Watoto wa kaka yangu ukiwauliza kabila wanatazamana. Uchaguzi wa vyama vingi ulipokuja na wagombea wachache wakajaribu kutuhesabu kwa asili zetu, Kihonda hawakupata kitu.

Mpwa wangu, mtoto wa dada yangu, sasa anafanya kazi kwenye kiwanda kilichoko hapo hapo Kihonda. Ni kibarua. Analipwa kwa siku, anasaini karatasi jioni, na msimamizi akimwambia kesho usije, haji. Amefanya hivyo kwa miaka. Baba alipoiona karatasi ile alikaa nayo mkononi muda mrefu, akaniambia kipande cha babu yako kilikuwa na siku 30, hiki kina moja.

Tangu hapo wawili hao wamekuwa na mjadala usiokwisha. Baba anataka vijana waitishe mkutano, wamwite meneja, wamuulize mbele ya watu. Mpwa wangu anamwambia, "Babu, sasa hivi hakuna mkutano. Ukiuliza, geti halikufungukii kesho." Baba anamjibu kwamba sheria ya ajira ya 2004 inampa mfanyakazi haki ya kujiunga na chama, na safari hii chama cha wafanyakazi si tawi la chama tawala, kwa hiyo wana kitu ambacho yeye hakuwa nacho. Nami namuunga mkono baba, japo najua anayehatarisha mkate si yeye wala mimi.

Mwezi uliopita mpwa wangu alikwenda ofisi za TUICO, chama cha wafanyakazi wa viwanda na biashara, akarudi na fomu. Majina yaliyoandikwa hadi sasa ni ya zamu ya mchana peke yake. Wa usiku wanasema wangoje kwanza waone itakuwaje.